Pierre Teilhard de Chardin: Padre Aliyechimba Mifupa ya Babu Zetu



Frateri akienda likizo, swali asiloweza kulikwepa ni lile la nyani. Kijana amekaa darasani, mwalimu wa Historia amefundisha zamadamu, mtihani umekuja, amejibu na kupata alama zake. Jumapili yuko kanisani, somo linamhusu Adamu na mavumbi ya ardhi, na hapo pia anaitikia vizuri. Halafu vitu hivyo viwili vinakaa kichwani mwake kama wapangaji wa nyumba moja wasiosalimiana. Wengine wanaishi hivyo mpaka uzeeni. Wengine wanafika chuo, wanakutana na mtu anayewaambia lazima wachague, na kweli wanachagua. Nimewaona waliochagua kuacha Kanisa. Nimewaona pia waliochagua kuacha kufikiri, na hawa wa pili siwahesabu kuwa washindi.

Leo sitaki kuanza na hoja. Nataka nikusimulie maisha ya padre aliyevibeba vitu vyote viwili kwa zaidi ya miaka 50 akivilazimisha visalimiane, na jambo hilo likamgharimu karibu kila kitu isipokuwa upadre wake. Ni Pierre Teilhard de Chardin (Teilhard, tamka Teyar), Mjesuiti kutoka Ufaransa. Niseme mapema kabisa: hajatangazwa kuwa mtakatifu, na yapo maandishi yake ambayo mimi siyakubali. Nitafika huko.

Alizaliwa tarehe 1 Mei 1881 Sarcenat, karibu na mji wa Clermont-Ferrand, katika nchi ya volkano zilizozimika zamani. Alikuwa mtoto wa nne kati ya watoto 11. Baba yake alipenda kuzunguka mashambani na watoto wake, akiwafundisha kukusanya mawe, wadudu na mimea. Mama yake alikuwa mtu wa sala, mwenye ibada kubwa kwa Moyo Mtakatifu wa Yesu. (Cha kuchekesha ni kwamba mama huyohuyo alitoka katika ukoo wa Voltaire, yule mwandishi aliyelisakama Kanisa. Ukoo bwana, huchagui.) Kwa hiyo mawe aliyapata kwa baba na Moyo wa Yesu akaupata kwa mama, na ukitazama maisha yake yote utaona hakuwahi kuachia hata kimoja.

Kuna kisa cha utoto wake ambacho yeye mwenyewe alikikumbuka hadi ukubwani. Alikuwa na hazina ya siri, kipande cha chuma cha plau. Alikipenda kwa sababu aliamini kwamba chuma hakiharibiki. Siku moja akakikuta kimeshika kutu, akalia sana. Baada ya hapo akahamia kwenye mawe, akitafuta kitu kigumu zaidi, kitu ambacho hakiozi. Mimi nadhani hapo ndipo wito wake ulipoanzia, wito wa upadre na wito wa sayansi kwa pamoja. Mtoto yule alikuwa anatafuta kinachodumu.

Alisoma shule ya Wajesuiti, na tarehe 20 Machi 1899, kabla hajatimiza miaka 18, akaingia unovisi huko Aix-en-Provence. Mambo ya siasa yakaharibika. Serikali ya Ufaransa ilitunga sheria za kuyabana mashirika ya kitawa, na Wajesuiti wakahamishia waseminari wao kisiwani Jersey, karibu na pwani ya Ufaransa lakini chini ya Mfalme wa Uingereza. Huko ndiko alikosomea falsafa, na huko akapatwa na mashaka ambayo mseminari yeyote anayependa kitu nje ya sakristia atayatambua: je, niache mawe yote ili nibaki na Mungu peke yake? Alikwenda kwa padre aliyekuwa mlezi wake wa unovisi. Mlezi huyo, badala ya kumsifia kwa sadaka hiyo, alimwambia kwamba Mungu anataka ukuaji wa vipaji vyake pia, aendelee na vyote viwili. Tuwashukuru walezi wenye busara. Jibu tofauti siku ile, na hadithi hii isingekuwepo.

Mwaka 1905 akatumwa Afrika, katika chuo cha Wajesuiti cha Cairo, Misri, akafundisha fizikia na kemia kwa miaka mitatu, na siku za mapumziko akienda jangwani kuokota visukuku. Kutoka huko akaenda Hastings, kusini mwa Uingereza, kwa masomo ya teolojia. Alipewa Daraja Takatifu ya Upadre tarehe 24 Agosti 1911.

Ni Hastings ambako wazo la mageuko ya viumbe lilimwingia hasa. Hapa tuelewane kidogo, maana vijiweni jambo hili husemwa ovyo. Hakuna mwanasayansi makini anayesema kwamba tumetoka kwa nyani hawa tunaowafukuza mashambani. Hatukutoka hata kwa sokwe wa Gombe. Kinachosemwa ni kwamba sisi na sokwe tuna babu mmoja. Fikiria binamu yako. Hukuzaliwa naye, yeye hakukuzaa, lakini mkipanda juu katika ukoo mnakutana kwa babu. Kwa binadamu na sokwe babu huyo aliishi yapata miaka milioni 6 au 7 iliyopita, na nyani wako mbali zaidi kwenye ukoo huohuo. Ndiyo maana lile swali la kwamba kama tumetoka kwa nyani mbona nyani bado wapo, halina mashiko. Ni sawa na kuuliza kwa nini binamu yako bado yupo wakati wewe umezaliwa.

Ushahidi tulio nao leo ni mwingi kuliko aliokuwa nao Teilhard. Sokwe ana jozi 24 za kromosomu, sisi tuna 23, na kromosomu yetu ya pili inaonyesha alama za kiungo, yaani kromosomu mbili za mababu ziliungana zikawa moja. Ni kama kushona vitambaa viwili. Ukigeuza nguo unaona mshono. Na kila mmoja wetu ana kifandugu mwishoni mwa uti wa mgongo, pale ambapo wanyama wengine wana mkia. Teilhard hakujua habari za kromosomu hizo. Yeye alikuwa na mifupa, na mifupa wakati mwingine hudanganya.

Ilimdanganya kweli. Akiwa Hastings alifahamiana na mwanasheria mmoja aliyependa kukusanya visukuku, Charles Dawson. Mwishoni mwa mwaka 1912, Dawson na mtaalamu wa makumbusho ya London walitangaza kwamba wamepata mabaki ya mtu wa kale huko Piltdown: fuvu lenye ubongo mkubwa kama wetu na taya kama la sokwe. Agosti 1913, Teilhard akiwa anachimba pamoja nao, aliokota kwenye kokoto jino chonge lililokuwa likitafutwa. Dunia ikashangilia. Miaka 40 baadaye, 1953, ikagundulika kwamba yote yalikuwa utapeli. Fuvu lilikuwa la binadamu wa kawaida, taya la orangutani, meno yamepigwa tupa na kila kitu kimepakwa rangi kionekane cha kale. Wapo waliomshuku Teilhard mwenyewe kwamba alihusika, lakini uchunguzi uliochapishwa mwaka 2016 ulimwelekezea kidole Dawson. Kijana padre alikuwa amepandikiziwa jino ili aliokote.

Ubaya wa utapeli ule haukuishia kwenye aibu. Uliwafanya wasomi wa Ulaya waamini kwamba binadamu alianza na ubongo mkubwa, tena Uingereza. Mwaka 1924 fuvu la mtoto lilipopatikana Taung, Afrika Kusini, likiwa na ubongo mdogo lakini dalili za kutembea wima, na Raymond Dart akalitangaza mwaka uliofuata, wengi walilipuuza. Lilionekana si la kwetu wanadamu, ni la sokwe fulani tu. Afrika ilisubirishwa nje ya mlango miaka mingi kwa sababu ya taya la orangutani lililopigwa tupa.

Baada ya masomo alikwenda Paris kujifunza kwa Marcellin Boule, bingwa wa visukuku wa wakati huo. Boule ndiye aliyechunguza mifupa ya mtu wa Neanderthal iliyopatikana La Chapelle-aux-Saints mwaka 1908, na napenda vijana mjue waliomfukua walikuwa akina nani: ndugu wa Bouyssonie, wawili kati yao mapadre Wakatoliki. Walimkuta mzee, meno mengi yamekwisha kung'oka, amelazwa ndani ya shimo kama mtu aliyezikwa. Mwaka 1913 Teilhard alitembelea mapango yenye michoro huko Hispania pamoja na padre mwingine, Henri Breuil, ambaye alitumia maisha yake kunakili michoro hiyo. Yaani usidhani Teilhard alikuwa padre mmoja mpotevu kati ya wapagani. Katika fani ile, kanzu nyeusi zilikuwa za kawaida shimoni.

Kisha ikaja Vita Kuu ya Kwanza. Hakwenda kama kasisi wa jeshi. Alikwenda kama mbeba machela katika kikosi cha askari wa Afrika Kaskazini, wengi wao Waislamu, na alipopewa nafasi ya kuwa kasisi mwenye cheo cha kapteni akaomba abaki na wenzake. Alikuwa anaingia kuokota majeruhi na maiti mahali ambapo wengine walisita. Askari wale walimwita Sidi Marabout, kwa maana waliona ana baraka inayomkinga na risasi. Alipita Ypres na Verdun. Ndugu zake wawili, Gonzague na Olivier, waliuawa katika vita hiyo. Alirudi na nishani za ujasiri, na tarehe 26 Mei 1918, vita haijaisha, akaweka nadhiri zake za mwisho.

Nataja haya kwa sababu wapo wanaosema padre huyu alikuwa na matumaini mepesi, kwamba aliona dunia inapanda tu kuelekea kwa Mungu bila kuona uovu. Mtu aliyebeba miili Verdun hakukosa kuuona uovu. Hata hivyo nakubali kwamba katika vitabu vyake msalaba na dhambi vinapewa nafasi ndogo kuliko vinavyostahili.

Alipata shahada ya uzamivu Sorbonne mwaka 1922, akawa anafundisha jiolojia katika Chuo cha Kikatoliki cha Paris. Wanafunzi walimpenda. Hapo ndipo alipojikwaa, na angalia vizuri alijikwaa wapi, maana watu wengi hudhani Kanisa lilimkamata kwa sababu ya sokwe. Hapana. Alikuwa ameandika kurasa chache, zisizo za kuchapishwa, akijaribu kueleza dhambi ya asili kwa namna nyingine. Swali lake lilikuwa hili: ikiwa binadamu wametokea polepole, tena kutoka kundi la viumbe wengi na si jozi moja, basi Adamu ni nani, na anguko lilitokea lini? Kurasa hizo zikafika Roma. Akaitwa na wakuu wake, akatakiwa atie sahihi mambo sita aliyopaswa kuyakubali, na kuacha kufundisha.

Baadhi ya marafiki walimshauri aondoke shirikani. Alikuwa na miaka 44, jina linakua, chuo chochote cha serikali kingempokea. Alitia sahihi, mwaka 1925, akafunga mizigo akarudi China, ambako alikwisha kwenda mara moja mwaka 1923 kufanya utafiti. Ni katika safari ile ya kwanza, jangwani Ordos, ambapo hakuwa na mkate wala divai, aliandika sala maarufu ya kumtolea Mungu dunia nzima, kazi yake na mateso yake, badala ya hostia na kikombe ambavyo hakuwa navyo. Baba Mtakatifu Fransisko aliikumbuka sala hiyo alipokuwa Mongolia mwaka 2023.

China ilikuwa adhabu, lakini Mungu ana namna yake. Kilomita kama 50 kutoka Peking, mahali paitwapo Zhoukoudian, daktari Mkanada Davidson Black alikuwa akiongoza uchimbaji wa mapango ya chokaa. Teilhard akawa mshauri wao wa jiolojia. Tarehe 2 Desemba 1929, baridi kali, jua linazama, kijana wa Kichina wa miaka 25, Pei Wenzhong, aliteremka kwenye ufa wa pango, mshumaa mkononi, akakuta fuvu. Kijana tu, umri wa wengi wenu mnaosoma hapa. Kazi ya Teilhard ilikuwa kusoma tabaka za udongo: fuvu hili liko pamoja na mifupa ya wanyama gani, wa enzi gani. Palipatikana pia zana za mawe na dalili za moto. Leo Mtu wa Peking anahesabiwa katika jamii ya Homo erectus, na umri wake ni mamia ya maelfu ya miaka. Black alikufa ghafla mwaka 1934 akiwa ofisini kati ya mifupa yake. Mifupa yenyewe ilipakiwa mwaka 1941 isafirishwe Marekani kuikwepa vita, ikapotea, na hadi leo haijulikani iliko. Zimebaki nakala za plasta.

Hebu tafakari alichokuwa anafanya huyu mtu. Asubuhi Misa, ameshika mwili wa Kristo. Baadaye mchana ameshika taya la kiumbe aliyetembea wima, akawasha moto pengine, na bado hafanani na sisi. Wengine wangesema chagua. Yeye alijiuliza: Neno alitwaa mwili, ni mwili upi? Si mwili ulioshuka kutoka mbinguni umefungwa kwenye boksi. Alizaliwa na Maria, na Maria ana mababu, na mababu wale wana mababu, kurudi nyuma hadi pangoni na mbele ya pango. Kristo alikuwa na kifandugu kama changu. Ikiwa damu yetu inahusiana na wanyama wote wa dunia, basi Mungu alipojifanya mtu aliunganika na historia hiyo nzima. Mimi niliposoma falsafa nilitumia muda mwingi kwa Mtakatifu Thoma wa Akwino, na sioni kwamba jambo hili lingemtisha. Kwake roho ndiyo inayoufanya mwili uwe wa mtu. Udongo umeandaliwa kwa siku moja au kwa miaka milioni nyingi, roho haichimbwi Zhoukoudian.

Kati ya mwaka 1938 na 1940, akiwa Peking, Teilhard aliandika kitabu chake kikuu kuhusu binadamu. Roma ilikataa kisichapishwe. Akarekebisha, akaomba tena. Mwaka 1947 alipatwa na shambulio la moyo, siku chache kabla ya safari aliyoipanga kwenda Afrika Kusini. Mwaka uliofuata akasafiri mwenyewe hadi Roma, mzee wa miaka 67, kuomba mambo mawili: ruhusa ya kitabu, na ruhusa ya kukubali kiti cha heshima katika Collège de France. Alikataliwa yote mawili. Akarudi, akanyamaza.

Nasema kwa heshima, na mimi mwenyewe nitaweka ahadi ya utii mikononi mwa askofu Mungu akipenda: naona wakuu wake walikuwa na haki ya kuwa na wasiwasi, lakini njia ile haikusaidia. Wazo lililochapishwa hujibiwa, hukosolewa, mwandishi hulinyoosha. Mawazo ya Teilhard yalizunguka kwa siri, yamepigwa chapa kwa mashine, yakipita mkono kwa mkono, na hakuna mwanateolojia aliyeweza kusimama naye hadharani kumwonyesha pale alipoteleza. Na aliteleza. Aliandika kuhusu tofauti za mbari za watu, na kuhusu kuboresha kizazi cha binadamu kwa kuchagua nani azae, maneno ambayo mimi kama Mwafrika siwezi kuyasoma bila kukunja uso. Huwezi kusema kwamba wanadamu wote tuna babu mmoja halafu ukaanza kupanga wajukuu kwa daraja. Hapo Maandiko yalikuwa mbele yake, na hesabu yake mwenyewe ya mifupa ilikuwa mbele yake.

Tarehe 12 Agosti 1950, Papa Pio XII alitoa waraka Humani generis. Wengi waliusoma kama kofi kwa watu kama Teilhard, lakini usome vizuri. Unaruhusu wataalamu kuchunguza kama mwili wa binadamu ulitokana na viumbe hai waliotangulia. Unashikilia kwamba roho huumbwa na Mungu moja kwa moja. Na unasema haionekani jinsi gani fundisho la wazazi wa kwanza wengi linavyoweza kupatana na dhambi ya asili. Yaani swali lilelile la kurasa za mwaka 1922. Sayansi ya vinasaba leo inaelekea upande wa kundi la maelfu badala ya watu wawili, na wanateolojia bado wanalifanyia kazi. Katekisimu, namba 390, inafundisha kwamba Mwanzo sura ya 3 inatumia lugha ya picha, lakini inasimulia tukio la kweli lililotokea mwanzoni mwa historia ya mwanadamu. Kijana akiniuliza picha inaishia wapi na tukio linaanzia wapi, namwambia hapo ndipo penye kazi, aje seminari tusaidiane. Kuhusu mwili, Papa Yohane Paulo II alikwisha sema mwaka 1996 kwamba mageuko ni zaidi ya dhana ya kubuni.

Miaka yake ya mwisho aliishi New York, akifanya kazi na Taasisi ya Wenner-Gren, mbali na Paris kwa matakwa ya wakuu. Na hapo, mzee na moyo mbovu, alikuja kusini mwa Afrika mara mbili, 1951 na 1953, kuona mapango ya Afrika Kusini ambako jamaa wa yule mtoto wa Taung walikuwa wanafukuliwa. Alikuwa ametumia maisha yake Asia, ana jina kwa sababu ya Asia, lakini alipoyaona yale mapango aliandika kwamba chimbuko la binadamu litafutwe Afrika, kusini mwa Sahara. Si kila mtaalamu ana unyenyekevu wa kuhamisha hema lake akiwa na miaka 70.

Hakuishi kuona alivyosema kweli. Mwaka 1959 Mary Leakey alipata fuvu la Zinjanthropus pale Olduvai, la miaka kama milioni 1.75, na mwaka 1978 timu yake ikafukua nyayo za Laetoli: viumbe wenye ubongo mdogo wakitembea wima kama sisi juu ya majivu ya volkano, miaka milioni 3.6 iliyopita. Nyayo zile ziko Ngorongoro, nchini kwetu.

Teilhard aliwahi kuwaambia marafiki kwamba angependa kufa siku ya Ufufuko. Jumapili ya Pasaka, tarehe 10 Aprili 1955, alihudhuria Misa katika Kanisa Kuu la Mtakatifu Patrisi, mchana akaenda kusikiliza muziki, jioni akiwa nyumbani kwa marafiki akaanguka ghafla. Alikuwa na miaka 73. Mazishi yalikuwa na watu wachache sana.

Miswada yake alikuwa amemwachia katibu wake wa Paris, Jeanne Mortier, na mwaka huohuo kitabu kikatoka, kikasomwa dunia nzima. Mwaka 1962 Ofisi Takatifu ilitoa onyo kwamba maandishi yake yana utata na makosa mazito katika falsafa na teolojia. Onyo hilo halijafutwa, na ukimsoma, soma ukilijua. Wakati huohuo Papa Benedikto XVI alimtaja kwa wema mwaka 2009, na Papa Fransisko akamweka katika tanbihi ya Laudato si'. Mambo yote mawili ni ya Kanisa lilelile.

Alizikwa katika makaburi ya unovisi wa Wajesuiti, kando ya mto Hudson, kaskazini mwa jiji la New York. Nyumba ile iliuzwa baadaye na sasa ni chuo cha upishi. Makaburi yamebaki. Jiwe lake ni dogo, limefanana na ya wenzake waliolala mistari kwa mistari pembeni yake. Mwezi wa Novemba tunapowaombea mapadre marehemu, mwongezeni na huyu.